Hatua Arobaini Kutoka Ukingo wa Shamba

Kwetu mwanamume haingii kwenye shamba la majimbi. Hata ukingoni hafiki, isipokuwa ana neno zito. Kwa hiyo Basilia alipoinua macho kutoka kwenye tope lililomfika mapajani na kumwona kaka yake Haruo amesimama mwisho wa njia, kofia mkononi, hakuhitaji kuulizwa hali wala kuambiwa pole. Alilichomeka jimbi alilokuwa ameshika, akalikandamiza kwa viganja viwili, akanawa mikono katika maji yale yale ya matope.

"Saa ngapi?" akauliza.

"Kumi na mbili na nusu. Hospitali wamepiga simu sasa hivi." Haruo alikuwa akitazama majani, hamtazami yeye. "Nesi anasema Mama alikuwa akisali. Walikuwa kwenye fungu la nne la rozari, nesi akadhani amesinzia."

"Peke yake?"

"Na nesi, Basilia. Si nimekwambia."

Basilia alipanda ukingoni. Haruo alimpa mkono, jambo ambalo hakuwa amelifanya tangu utoto wao, akamvuta. Upande wa kaskazini, nyuma ya miti, mashine za kiwanja cha ndege zilikuwa zimeshaanza kazi ya siku.

"Boti ya kumleta itatoka mjini Koror kesho asubuhi," Haruo akasema. "Vijana nimeshawaambia watafute mitaimbo. Mama alisema azikwe Ikidel, kwenye mawe, na mama yake. Hakuna la kujadili."

"Hakuna," akasema Basilia, na miguu yake ikawa baridi kuliko ilivyokuwa ndani ya tope.

*

Mama yao, Dilubech, alizaliwa hapa Peleliu mwaka 1934, wakati kisiwa kikiwa mikononi mwa Wajapani, katika nyumba iliyoitwa Ikidel. Mbele ya nyumba hiyo palikuwa na baraza la mawe bapa, na chini ya mawe hayo walilala wanawake wa ukoo, mama juu ya mama, tangu zamani ambazo hakuna aliyezihesabu. Alipokuwa na miaka kumi Wajapani waliwahamisha watu wote wa kisiwa kwenda kisiwa kikubwa cha Babeldaob, kwa sababu Wamarekani walikuwa wanakuja. Huko walilala mwituni wakila mizizi ambayo hapo nyuma walikuwa wakiwapa nguruwe. Mdogo wake wa mwisho alifia huko. Kila usiku waliona upande wa kusini mbingu imekuwa nyekundu, na watu wazima wakawaambia watoto kwamba ni radi.

Waliporudi hawakukijua kisiwa chao. Hapakuwa na mti. Ardhi ilikuwa nyeupe kama mfupa, na mashamba ya majimbi yaliyotunzwa na wanawake kwa vizazi vingi yalikuwa yamefukiwa kwa matrekta ili ndege zipate pa kutua. Watu walizunguka wakitafuta nyumba zao kama vipofu. Mama yake Dilubech alichukua fimbo ya chuma aliyoiokota kwenye mabaki ya vita, akawa anachoma ardhi hatua kwa hatua, siku tatu mfululizo, mpaka fimbo ikagonga mawe ya Ikidel. Akapiga magoti hapo, akamwita binti yake. Akamtembeza mpaka mahali ulipokuwa ukingo wa shamba lao, akamwambia ahesabu. Zilikuwa hatua arobaini. "Usizisahau," akasema. "Askari hawa wameondoka, lakini watarudi, au watakuja wengine."

Hilo ndilo lililomfanya Dilubech awe alivyokuwa. Hakusoma zaidi ya miaka mitatu ya shule ya Wajapani, lakini nchi ilipoandika Katiba na kuweka ndani yake kwamba silaha za nyuklia haziingii humu mpaka robo tatu ya wananchi wakubali, yeye aliielewa mapema kuliko wengi waliokuwa na vyeti. Siku moja alikwenda Koror kwenye mkutano wa akina mama, akakutana na mwanamke mmoja kutoka visiwa vya Marshall, kule Wamarekani walikolipua mabomu yao ya majaribio. Mwanamke yule alimsimulia mimba zake saba zilizoharibika. Dilubech aliporudi nyumbani hakula mpaka kesho yake.

Marekani ilitaka Mkataba. Tuwaachie ulinzi wa nchi, wao watupe fedha na hati za kuishi kwao, na meli zao zipite bila kuulizwa zimebeba nini. Tulipigishwa kura, tukakataa, au kusema kweli hatukufika robo tatu. Tukapigishwa tena. Na tena. Miaka kumi mizima, kura juu ya kura, na kila kura ilipotangazwa Dilubech alitia kwenye kikapu chake popoo, majani ya tambuu, chokaa ya kutafunia na rozari, akaenda nyumba kwa nyumba. Basilia alikuwa msichana, kisha mke, kisha mama wa watoto wanne, na miaka yote hiyo ndiye aliyembebea mwavuli.

"Dilubech, umekuja tena," watu walimtania. "Wewe na Marekani nani atachoka kwanza?"

"Mimi nina magoti mabaya," alijibu akikaa. "Wao wana ndege. Nipe maji."

Kuna mwaka ambao wafanyakazi wa serikali waliachishwa kazi, watu wakawa na hasira, na akina mama waliopeleka kesi mahakamani kupinga Mkataba wakaanza kuogopa kulala nyumbani kwao. Mtu fulani alirusha mawe kwenye bati la Dilubech. Asubuhi aliyakusanya akayapanga kuzunguka mche wake wa maua. Padre alimuuliza kama haogopi. Akasema anaogopa sana, ndiyo maana anasali sana.

Mwishowe wakubwa walibadili sharti, robo tatu ikawa zaidi ya nusu tu, na Novemba ya mwaka 1993 Mkataba ukapita. Basilia anakumbuka mama yake akizima redio, akikaa muda mrefu, kisha akisema, "Haya. Pika." Hakulia. Lakini tangu siku hiyo aliacha kabisa kuzungumza habari za serikali, na nguvu zake zote akazielekeza kwenye mawe ya Ikidel. Msitu ulikuwa umeota kuzunguka pale, na watu waliogopa kuukanyaga kwa sababu ya mabomu ya vita yaliyobaki ardhini. Yeye alikwenda peke yake na panga dogo, akifuata njia yake moja, akayafagia mawe. Wengine wa ukoo walizikwa makaburi ya kanisa. Mara ya mwisho Basilia kuyaona mawe kwa macho yake alikuwa na miaka mitano, siku walipomzika bibi.

Na sasa vijana wengi walikuwa wameondoka, kila mmoja na hati aliyopewa na Mkataba ule. Watoto wanne wa Basilia wako Guam, Hawaii na Texas. Wawili wamevaa sare za jeshi la Marekani. Nyumba zenye watu usiku hapa kijijini unaweza kuzihesabu ukiwa umekaa kanisani.

Basi walipokuja Wamarekani wa kufufua kiwanja cha ndege cha vita, wakitaka kila ukoo unaopakana nacho utoe idhini, kijiji kizima kilikuwa kimeshakubali kasoro Dilubech. Yeye ndiye aliyekuwa na cheo cha mama wa ukoo. Aliwakaribisha maji ya dafu, akawasikiliza mpaka mwisho, akasema hapana, akawasindikiza mlangoni. Miezi miwili baadaye alipatwa na kiharusi akalazwa Koror. Watu wale wakarudi, na safari hii aliyewapa maji ni Basilia.

Alikuwa amechoka na hapana. Alikuwa ameibeba tangu ana miaka kumi na minane, pamoja na mwavuli. Walimwambia kutakuwa na kazi, mafundi, madereva, wapishi, na yeye akawaona wanawe wakishuka botini na mabegi yao. Akatia sahihi palipoandikwa kwa niaba. Cheo kilikuwa cha mama yake, na mama yake alikuwa hai. Kwetu mtu hakalii kiti cha mtu ambaye bado anapumua, hata kama kiti hicho ni mstari tu kwenye karatasi. Alijua. Akatia sahihi.

Wapima ardhi walimuuliza, "Makaburi yenu yako wapi, tuyaache nje?"

"Hatua arobaini kutoka ukingo wa shamba," akasema, kwa uhakika wa mtu aliyefundishwa vizuri. Akawaonyesha ukingo. Wakahesabu hatua arobaini kwenda kaskazini, wakaongeza tano za heshima, wakapigilia kigingi.

Lakini ukingo aliowaonyesha ulikuwa ukingo wa shamba la sasa. Shamba la kabla ya vita lilikuwa karibu mara mbili yake. Nusu yake ya kaskazini ilifukiwa na matrekta ya vita na haikufukuliwa tena, na ilikuwa imeota majani mpaka mtu aliyezaliwa baadaye akadhani ni nchi kavu tangu uumbaji. Dilubech angelijua hilo akiwa amefumba macho. Kumuuliza lilikuwa jambo la simu moja. Ila angemuuliza, mama angetaka kujua kwa nini anauliza.

Uzio ulipokamilika na msitu ukafyekwa, Basilia alipita hapo na mzigo wake wa majani akaona, ndani, mbali na waya, mawe bapa yakiwaka juani. Alisimama mpaka mzigo ukamuuma shingo. Akaenda zake. Miezi minane alikaa nalo moyoni. Kila Jumamosi alivuka kwenda Koror, akamchana mama yake nywele, na mara nyingi mama, kwa ule ulimi uliokuwa umekuwa mzito, alimuuliza jambo moja.

"Mawe bado yana kivuli?"

"Yana kivuli, Mama."

*

Vijana walirudi na mitaimbo mabegani kabla jua halijapanda vizuri. Ndani, wanawake wa ukoo walikuwa wamekaa juu ya mikeka wakipasua popoo na kupanga nani aimbe maombolezo lini. Katikati alikaa Toshie, binti wa mama mkubwa wa Dilubech, mwenye miaka themanini na mbili na ulimi uliowafanya hata mashemasi wabadili njia.

"Mmechimba haraka hivyo?" akawauliza. "Au mmekuja kula?"

"Hatujachimba, Bibi," akasema aliyetangulia. "Kuna uzio. Mawe yako ndani."

"Uzio wa nani?"

"Wa kiwanja."

"Uzio unaruka vipi kutoka kiwanjani mpaka kwa mama zangu? Una miguu?" Toshie akageuka. "Haruo, wewe ulikubali?"

"Mimi mwanamume, Mama Mdogo. Mimi nakubali nini kwenye ardhi?"

"Dilubech aliwakatalia. Nilikuwepo. Nilimsaidia kuwakatalia. Sasa nani aliwaonyesha mpaka?"

Visu vidogo vya popoo vikanyamaza. Basilia alikuwa akikunja shuka ambalo tayari lilikuwa limekunjwa.

"Mimi," akasema.

Toshie alimtazama bila hasira, na hilo likawa baya zaidi.

"Ulitia sahihi?"

"Nilitia. Niliwaambia hatua arobaini. Nikaanzia shambani."

"Shamba lipi?"

"Hili tulilonalo."

Toshie akafumba macho. Alikuwa mtoto wa miaka miwili wakati wa vita, hakuliona shamba la zamani, lakini alikuwa amesimuliwa. "Hili tulilonalo," akarudia taratibu. "Mwanangu, hili ni kipande tu kilichosalia. Mama yako na mama yake walikichimbua kwa mikono. Ukingo wenyewe uko chini ya kifusi." Akatema tambuu ndani ya kopo. "Alijua?"

"Hapana."

"Alikuuliza?"

"Aliuliza. Nilimwambia yana kivuli."

Mwanamke mmoja akaanza kulia, kisha wengine, na haikujulikana wanamlilia marehemu au wanamlilia nani. Toshie akanyoosha mkono. "Niinueni. Tunakwenda kwenye lango hilo. Wewe unabeba mwavuli, maana hiyo ndiyo kazi unayoijua."

*

Aliyetoka kuwapokea langoni alikuwa sajini mwenye sare za Marekani na kidevu cha watu wa Airai, kule kisiwa kikubwa. Ngirmeriil, jina lake limeshonwa kifuani. Aliwaamkia kwa lugha yetu, akainama.

"Wewe ni wa nani?" Toshie akamuuliza.

Akamtaja mama yake.

"Namjua. Alitembea na sisi kwenda mahakamani, ana mimba kubwa, tukamwambia apande gari akakataa. Labda mimba ilikuwa wewe."

"Inawezekana, Bibi."

"Umekua vizuri. Fungua lango."

Sajini aliangalia chini. "Bibi, siwezi. Upande ule mabomu hayajatolewa. Hakuna mtu kutia mtaimbo mpaka wataalamu wapime kila futi. Nikiwaruhusu mkachimba, nitazika sita badala ya mmoja."

"Wapime leo."

"Zamu ya eneo lile ni mwezi wa saba. Nimempigia mkubwa wangu nilipoona vijana asubuhi. Amesema pole, na amesema hapana."

Basilia alishika waya. "Sajini, ni mimi niliyekosea mpaka. Mama hakukubali. Karatasi ile haikuwa yangu kuitia sahihi. Ukiwaambia hivyo?"

"Nitawaambia, Mama. Watasema mlete barua, barua itakwenda Guam, itarudi. Marehemu anafika lini?"

"Kesho," akasema Toshie. "Na hili joto, Jumamosi lazima awe ardhini. Haya. Basi tupe jiwe."

"Jiwe?"

"Jiwe moja. Jiwe si ardhi. Liko upande wa mashariki, lina kibonde kama kiganja, mama zetu walisagia manjano hapo. Wewe una njia zako salama humo. Lete hilo."

Sajini alifikiri. Akatazama nyuma, akatazama saa yake, kisha akaenda. Walisubiri juani, Basilia ameshika mwavuli juu ya kichwa cha mama yake mdogo. Sajini alirudi baada ya nusu saa, jiwe amelikumbatia kifuani, sare imejaa vumbi jeupe. Akalipitisha kwenye upenyo wa lango.

Basilia alilipokea, akalipapasa. Lilikuwa laini pande zote. Hapakuwa na kibonde.

"Ndilo, Bibi?" sajini akauliza.

"Ndilo," akasema Toshie. "Mungu akuweke, mwanangu. Msalimie mama yako."

Walipofika mbali akasema, bila kugeuka, "Silo. Lakini lililala jirani yake miaka mingi." Na baada ya hatua kadhaa, "Kile kiti cha mama yako, Basilia, usikikalie. Wanawake watakaa baada ya siku za msiba, watachagua mwingine. Nakwambia mimi ili usiambiwe na mtu wa nje."

"Najua, Mama Mdogo."

"Ulitaka watoto warudi."

"Ndiyo."

"Wamerudi?"

Basilia alihamisha jiwe kutoka mkono mmoja kwenda mwingine. "Mmoja ameomba ruhusa aje kuzika. Hajajibiwa."

*

Dilubech alifika Ijumaa kwa boti, akalala usiku mmoja nyumbani, wanawake wakimzunguka na kumwimbia mpaka sauti zikakauka. Kabla jeneza halijafunikwa Jumamosi asubuhi, Basilia aliomba abaki naye. Waliinuka wote wakatoka barazani. Alimpaka mama yake manjano kwenye paji la uso na viganja. Akapiga magoti, akamweleza yote kwa mpangilio, karatasi, kigingi, uzio, kivuli. Ilichukua muda mfupi kuliko alivyodhani. Akasali Salamu Maria moja, maana fungu la nne lilikuwa limekatikia njiani na hakujua lilifika ngapi. Kisha akawaita waingie.

Kaburi lilichimbwa katika makaburi ya kanisa, kando ya barabara, kwenye mawe ya matumbawe ambayo vijana waliyavunja tangu alfajiri. Mwana wa Basilia aliyeomba ruhusa, yule wa Texas, hakuja. Padre alisoma, akanyunyiza maji ya baraka. Mashine za kiwanjani ziliendelea kusikika upande wa kaskazini, zikapumzika saa sita kama kawaida yake, na kwa kimya hicho jeneza likashushwa likiwa limefungwa mikeka mitatu. Haruo alitupa udongo wa kwanza. Basilia alitia kikapu cha mama yake, kikiwa na popoo mbili, tambuu, chokaa na rozari. Vijana wakafukia. Toshie akaelekeza wapi kichwa kilipo, na Basilia akaliweka jiwe hapo, akalikandamiza kwa viganja viwili mpaka likatulia. Wanawake wakakunja miavuli yao, wakapita mmoja mmoja, wakagusa jiwe, wakarudi nyumbani kupika.